Filamu Isiyotaka Sura

Lituhi, Jumapili ya kwanza ya Juni. Mwaka wa pili tangu nitoke Nzega.

Mama Neema, salamu nyingi kutoka huku ambako upepo wa ziwa unatia vumbi la makaa ya mawe mpaka kwenye ugali.

Ile filamu niliyokuambia, usimwahidi Neema kwamba atamwona baba yake. Sisi wapakiaji wa makaa tulioga ziwani, tukanyoa ndevu, tukavaa mashati ya kanisani, maana nani anapigwa picha akiwa mchafu? Mpiga picha akakasirika. “Nani kawaambia muoge? Rudini mkajipake makaa.”

“Bosi, si ungepiga makaa yenyewe tu,” mwenzangu Komba akamwambia. “Hayaogi.”

Tukajipaka. Akatusimamisha, jua likizama nyuma yetu upande wa Malawi, kisha akatuonyesha kwenye kioo cha kamera. Tulikuwa weusi tii kama visiki vilivyoungua. Nikamuuliza sura ziko wapi. “Sura sizihitaji. Nataka maumbo.”

Msaidizi wake anasema bosi wake alianza na video za harusi Dar, na sasa vivuli vyake vinapewa tuzo Ulaya. Sijui maharusi wake walijitambuaje.

Neema alikuwa anatambaa nilipoondoka. Nilitaka aizoee sura yangu mapema, asije akanikimbia mlangoni. Basi mbusu kwa niaba yangu, nawe usikonde. Nitafika wiki moja kabla ya Krismasi, na akilia nitakaa nje mpaka anizoee.