Kontesi, Mbwa Wake na Mtu Mmoja

Mama yangu mpendwa,

Nakusalimu sana kutoka Brussels. Mimi ni mzima, ila baridi ya huku inauma kuliko mbu wa Ruzizi. Na wewe je? Miguu? Macho? Miwani mipya inasaidia? Leo macho nayauliza kwa sababu.

Unajua kazi yangu ni kupangusa filamu za zamani na kuandika kilichomo. Mwezi huu nimepewa za kontesi mmoja, mwanamke wa ukoo mkubwa wa kizungu, marehemu sasa. Nimemwona akibatizwa, akipanda farasi, akiolewa na shela refu lililobebwa na watoto wanne. Nimemwona mzee, akiwarushia bata mkate. Nimeanza hata kumpenda, ingawa kucheza dansi hajui kabisa.

Jana akatokea Uvira. Milima yetu, ziwa letu, nikasimamisha mashine. Amechuchumaa mbele ya sufuria na kofia yake nyeupe, moshi unamliza, unga wa muhogo ameumwaga wote mara moja. Mwanaume mmoja anacheka mpaka anashika magoti, kisha anampokonya mwiko, kama ulivyompokonya mke wa Bahati siku ya ubatizo. (Bahati ndugu yangu, unayemsomea Mama, soma yote, usiruke.) Anasonga kwa mkono wa kushoto, ncha ya ulimi imetoka pembeni mwa mdomo. Mama, nani mwingine anasonga bugali hivyo? Ni wewe tu.

Umetusimulia mara ngapi? Babu, baba yako, kwenye pombe kule Mutarule: "Ule kontesi, minye ndiye nilimufundisha kushika muiko." Na wenzake: "Weye muzee, hiyo iko bongo." Shuleni wakakuita mtoto wa mwongo, ukapigana hadi sketi ikapasuka. Ulikuwa na miaka minane alipokufa, na picha yake hatuna hata moja. Nami nilicheka hadithi hiyo, tena nikiwa mtu mzima. Nisamehe.

Filamu haina sauti, na kipande chenyewe hakifiki mwisho wa Salamu Maria moja. Bahati anacho kwenye simu. Bahati, zima pikipiki, abiria watasubiri. Mwonyeshe Mama pole pole, hata mara kumi. Mimi babu sikumjua, na naogopa kumpa mtu mwingine jina lake. Wa kusema umebaki wewe tu.

Nisalimie shangazi, jirani yetu muuza samaki wa ndagala, na mke wa Bahati, ambaye naamini sasa anasonga vizuri.

Jambo moja tu limebaki. Kwenye karatasi ya filamu ile waliandika zamani: "Kontesi, mbwa wake Bijou, na mtu mmoja." Mbwa mwenyewe amelala pembeni, hafanyi lolote, lakini jina analo. Hayo maneno "mtu mmoja" nimeyafuta, Mama, na kalamu iko mkononi. Tazama, halafu uniambie niandike nani.

Binti yako anayesubiri,
Riziki