Tungekupa Uji Hata Ukiitwa Aloyce

Mzee Salum,

Nakuita jina ulilotupa mwenyewe. Lile la kwenu nimelijua juzi, na mdomo bado haujalizoea.

Tulikuzika siku ileile uliyofia hospitali, baada ya alasiri. Nani angebisha? Kila Ramadhani ulikaa nasi mkekani, uani mwa gesti ninayoisimamia, ukisubiri adhana na kunitania: "Zaina, uji mzito huu, unajengea nyumba?" Uliniambia huna ndugu, nami nikawaambia hivyohivyo watu wa msikitini. Wakakuosha, wakakusalia, wakakubeba.

Kesho yake mdogo wako akakupigia simu. Nilipoipokea na kumwambia Mzee Salum amefariki, akauliza, "Aloyce?" Akakata kabla sijamwambia tumeshazika.

Amekuja na basi kutoka Rombo, kabeba suti ya kukuvalisha. Nilipomwambia tumeshazika, alikaa chini palepale mapokezi, suti mapajani. Kwenu mtu huzikwa nyumbani, migombani, kando ya baba yake. Shehe akasema kaburi halifukuliwi ovyo. Nilitamani ardhi inimeze.

Halafu akaniomba nimpeleke kwenye nyumba yako ya Upanga. Nyumba gani, mzee wangu? Nilimfungulia chumba chako: kitanda, ndoo, pasi na mashati mawili. Akauliza duka la jumla liko wapi. Nikamwambia ulikuwa unapanga mabalo ya mitumba kwenye stoo ya mtu. Basi akaelewa kwa nini kila Krismasi wenzako walipanda kwenda nyumbani na wewe ukabaki.

Alilala humo. Kuta zetu unazijua, ni mbao tu. Alilia mpaka alfajiri, na gesti nzima tulimsikia. Hakuna aliyemgongea mlango, hata mimi.

Asubuhi akaniuliza kama kweli ulisilimu. Nikamwambia ulifuturu nasi tu. Msikitini sikuwahi kukuona. Nadhani ulichoka kula peke yako. Ungesema tu, jamani! Tungekupa uji hata ukiitwa Aloyce. Nakukasirikia, mzee, na nalia.

Mama yako hajaambiwa. Ni mzee, anaumwa moyo. Mdogo wako atamwambia uko Dar, biashara imekubana. Kaniachia simu yako, maana mama yako hukupigia kila Jumapili, na akisikia haipatikani ataanza kuuliza.

Kwaheri, mzee wangu. Mungu akupokee kwa jina analolijua yeye. Nakuahidi simu nitaichaji, iite mpaka ikatike. Sitaipokea.

Zaina