Mistari Yangu Yenye Kupinda

Lushebere, mwezi wa tisa 1962

Na leo tena nilipanda maharagwe kwa mistari ya kupinda, kwa makusudi. Agronome, yule bwana wa kilimo wa serikali, alitupatia kamba ya kunyoosha mistari. Mimi nikaivuta kama muntu mwenye kutoka kunywa kasiksi, pombe ya ndizi.

Bauma, mutoto wangu wa mwisho, alikuwa amefunga mizigo. Anataka kwenda kwenye machimbo ya Walikale, sawa kaka zake wawili wenye kwenda na hawajarudi. Akapita shambani kuniaga.

"Papa, hii iko mistari ao njia ya nyoka?"

"Macho imezeeka, mutoto. Enda tu. Agronome atanicheka kesho, haidhuru."

Akasimama kidogo. Kiisha akaweka mizigo chini, akafukua mbegu zangu zote, akaanza upya.

Mama Bauma alikuja na maji, akaninongoneza: "Nyumba yetu uliijenga bila kamba, na haikupinda hata kidogo." Nikamwambia anyamaze.

Mangaribi Bauma akasema atabaki mupaka mavuno, asiniachie haya mbele ya watu. Nikajifanya kununa. Mama yake akageukia moto ili asionekane anacheka.

Sasa niko na mashaka. Maharagwe inaiva mbio, miezi tatu tu, na ile mizigo Bauma hajaifungua.

Ile kahawa agronome alitaka tupande, niliikataa mbele ya kijiji chote. Nilisema haishibishe muntu. Lakini inakawia miaka mbele ya kuzaa, hiyo njo uzuri yake.

Kesho nitamuomba agronome miche ya kahawa. Wacha wanicheke.