Kilio Pale Mteremkoni

Mjukuu wangu Khasandi,

Huku Shirere tuko wazima, na ng'ombe wetu amezaa. Umeuliza ule ukumbi wa wazi wa chuo ulianzaje. Miaka ya tisini palikuwa mteremko wa nyasi tu.

Jioni moja, tukitoka kutafuta kuni na wenzangu, tulisikia kilio, tukaona msichana amelazwa, amefunikwa shuka. Kwetu hupiti msiba hivi hivi. Tukatua kuni, tukaketi, tukalia nao. Mimi nilimlilia mama yangu, niliyemzika mwaka huo bila chozi.

Kumbe wanafunzi walikuwa wanaigiza! Maiti akainuka, akajipangusa nyasi, watu wakacheka. Mimi niligeuka kutazama njia, kama mama naye anakuja.

"Mama, rudini kesho," wakatusihi. Tulirudi. Tulipoketi ndipo walipojenga viti vya mawe.

Hata leo nikipita hapo, naangalianga ile njia.

Nyanya yako