Kifua cha Shujaa

Jumapili

Na bado mdogo wangu Fabrice hajasema neno juu ya Mama. Mwezi sasa, tangu tuyatazame mazishi yake kwenye simu, mimi na Fabrice tumesimama wima katikati ya chumba, kwa sababu karatasi za ukimbizi haziruhusu kurudi Burundi. Mimi nililia. Mdogo wangu alienda kunyanyua vyuma, kisha akaenda kazini kulinda mlango wa klabu. Naogopa atapasuka.

Leo mchana Salumu, tunayeishi naye, aliweka filamu ya Kihindi. Shati la shujaa lilichanika kabla hajaguswa.

"Eish! Huyu jamaa anakula nini?" akauliza Salumu.

"Muulize Fabrice," nikamjibu. "Wanashonewa mashati na fundi mmoja."

Fabrice akatabasamu kidogo tu.

Shujaa akapiga mtaa mzima, halafu akamkuta mama yake amekufa. Mtu mwenye kifua kama mlango wa kontena akaanguka chini, akampakata mama, akalia kwa sauti, kamasi na yote. Filamu hizi nimezitazama tangu utotoni, nikidhani zinatufundisha kupigana tu. Nilingoja Salumu acheke. Hakucheka.

Fabrice akasimama. "Naangalia maharage, kaka."

Hatukuwa tumepika maharage.

Salumu akataka kumfuata, nikamshika mkono. Tumetenganishwa na jikoni kwa ubao tu, kila kitu kinasikika. Nikachukua rimoti, nikaongeza sauti mpaka jirani akagonga ukuta.

Sikuipunguza.