Ukuta Haukupinda, Papa Salum

Papa Salum,

Barua hii nimeianza mara nne. Ya kwanza niliiandika ndani ya treni, nikashuka Stratford nikaiacha kitini. Ya pili niliianzia jikoni, nikainuka kuosha vyombo ambavyo vilikuwa safi. Ya tatu hata sitaki kuisema. Leo nimekaa kwenye kontena letu la kazini, wenzangu wametoka kwenda kula, na nimejiambia sinyanyuki mpaka nimalize. Tayari nimenyanyuka mara mbili kutazama kama mvua imeacha.

Basi niseme moja kwa moja, maana ulikuwa humpendi mtu wa kuzunguka. Ukuta haukupinda. Siku ile nilipoingia wodini na tope viatuni nikakuambia umepinda, nilikudanganya.

Unakumbuka tulivyojuana? Nilikuwa nafagia makontena ya wachimbaji, kazi niliyopewa na kampuni ya usafi mwaka wangu wa tatu tangu nitoke Uvira, Kongo. Ninyi watu wa mambo ya kale mlikuwa mnachimba mahali patakapojengwa ghorofa, mkiitafuta London ya Warumi kabla haijafukiwa kwa zege. Mimi nilichojua ni tope lenu tu. Siku moja ukanikuta peke yangu naisema sakafu kwa Kiswahili: "Huyu wa tope la kijivu ndiye anayenitesa." Ukasimama mlangoni, ukauliza kwa Kiswahili chako cha Pemba, la kijivu ni la nani? Nikakujibu ni la kwako, wenzako wote wanaleta la njano. Ukaviangalia viatu vyako. Ni kweli, ulikuwa peke yako ndani ya mtaro wa kale, na udongo wa kule chini ulikuwa wa kijivu. "Mtu anayeona rangi ya udongo sakafuni," ukasema, "anapoteza macho yake kwenye fagio."

Ukamsumbua meneja mpaka akanipa nafasi ya kujifunza. Nilikuwa na miaka arobaini na moja. Ulinipa mwiko wa kwanza, nikacheka, kwetu mwiko ni wa kusongea ugali. Ukasema Kiswahili kina mwiko wa ugali, mwiko wa mwashi, na mwiko wa kukatazwa, na kazi yetu ni kutumia wa pili kuutafuta wa tatu. Sikukuelewa. Nilielewa Jumamosi uliponipeleka City, ile London ya kale ya katikati, chini ya jengo la ofisi, kuona hekalu la Mithra, mungu wa askari wa Kirumi. Nilitarajia kitu kikubwa. Nikaona kuta fupi, chumba chembamba kirefu, na mwisho wake ukuta uliopinda nusu duara. Ukaninong'oneza kwamba humo walikuwa wakiingia wanaume tu, wakila pamoja gizani na kuapa kutosema walichokiona.

"Na kiapo wakakitimiza, Furaha. Hawakutuachia maandishi ya siri yao. Ndiyo maana mimi na wewe tuna kazi."

Nikakuuliza, na wanawake walikwenda wapi? Ukafurahi kama mtu aliyekuwa akilisubiri swali hilo mwaka mzima. Tukakaa nje kwenye ukingo wa ukuta, ukanisimulia habari za Isis, mungu wa kike wa Misri, aliyefuatwa na wanawake na wanaume, waungwana na watumwa, naye pia akiwa na siri zake. Ukaniambia kuna jagi lililopatikana kusini ya mto Thames, limekwaruzwa maneno ya Kilatini yanayosema London, penye hekalu la Isis. Jagi lipo. Hekalu lenyewe hakuna aliyelipata.

Mimi mtu wa kanisa nikakuuliza, wewe unayeswali swala tano, sanamu ya Misri inakuhusu nini? Ukasema humtafuti yeye, unawatafuta waliombeba mpaka huku. "Walikuwa wageni kama mimi na wewe, wakaweza kujenga. Nataka kukiona kizingiti chao tu, basi."

Kwa hiyo tulipokifikia kile chumba cha chini mwaka jana, huku huku kusini ya mto, sikushangaa ulivyobadilika. Kilikuwa kirefu, chembamba, ngazi zake zinateremka. Ukutani palikuwa na mabaki ya plasta nyekundu. Halafu ukaokota kile kijiti cha shaba kilichopinda ncha, ukakishika kiganjani kama yai. Ukasema kimetoka kwenye kayamba, zile za shaba walizokuwa wakizitikisa makuhani wa Isis. Meneja akasema tusubiri. Ukamwambia wewe umesubiri miaka ishirini na minane. Kilichobaki kilikuwa ule ukanda wa mashariki, uliokaliwa na mashine ya kuchimbia nguzo. Ulisema ukuta ukifika pale ukapinda, ni hekalu. Ukikata kona, ni chumba kama vyumba vingine. Na kila asubuhi ulikuwa unaitazama ile mashine kama jirani aliyekataa kuhama.

Mashine ikaondoka wewe ukiwa umelazwa. Maumivu ya mgongo uliyokuwa ukiyalaumu kwa kuinama hayakuwa ya mgongo.

Nilichimba ule ukanda siku nne. Siku ya nne, saa nane mchana, mwiko wangu ukafika mwisho wa ukuta. Kona. Kona safi, jiwe juu ya jiwe, unaweza kuwekea kipimo cha fundi. Nikasafisha tena, nikidhani labda ni ukarabati wa baadaye. Nikachimba kando yake. Kona. Nikaijaza karatasi ya rekodi kama ulivyonifundisha, nikaandika pembe mraba, nikatia sahihi. Kisha nikapanda basi kuja hospitali, na njia nzima nilikuwa najifunza maneno ya kukuambia.

Ulikuwa umegeukia dirishani. Ukasikia viatu. Hata salamu hukunipa. "Kona au mpindo?"

Nikakuona ulivyokonda, Papa. Nikasema, "Mpindo. Umepinda."

Ukasema alhamdulillahi, ukafumba macho. Nami nikadhani imekwisha, nimetenda wema. Ukayafumbua. "Nipe vipimo."

Sikuwa nimeandaa vipimo. Nani hujiandaa kwa uongo wake mpaka kwenye sentimita? Nikabuni. Upana mita tatu na nusu, unaanza kupinda kwenye ncha ya ukuta wa kaskazini, unatoka nje mita mbili. Ukaandika kila neno kwenye daftari lako jeusi. Nikakusaidia kushika karatasi. Nilikusaidia, Papa, kuandika uongo wangu.

Nilirudi baada ya siku mbili. Uliniuliza kama pampu inavuta maji shimoni. Nikasema inavuta. Ukanishika kidole gumba, ukagusa sugu, ukasema sasa kimekomaa. Hukuuliza kitu kingine. Ijumaa asubuhi binti yako Zuhura akanipigia simu, na hata kabla hajasema nilikuwa nimeshavaa koti.

Yaliyofuata ndiyo yananifanya nishindwe kutulia. Arobaini yako ilifanyika kwa Zuhura, Harrow. Watu wakajaa mpaka ngazini. Baada ya dua binti yako akasimama, akasema kwa Kiingereza kwamba baba yake ndiye aliyeligundua hekalu la Isis la London. Wazee wenzako wa Pemba wakatazamana. Mmoja akasema mashallah, lakini kwa tahadhari, kama mtu asiye na hakika kama jambo hilo linatajika kwenye khitma. Wote wakanigeukia mimi, mwanafunzi wako, nithibitishe. Nikajaza mdomo pilau.

Wiki chache baadaye wenye jengo wakatangaza Jumamosi moja ya kuwafungulia wakazi uzio, waje waone tulichokichimba. Zuhura akaomba azungumze. Akanitumia hotuba kwenye simu niipitie. Niliisoma nimesimama kituoni Stratford, watu wananipiga vikumbo. Kila sentensi ilikuwa imejengwa juu ya ule mpindo. Na wakati huohuo ofisini ripoti ilikuwa inaandikwa kwa karatasi yangu yenye kona. Mtaalamu wa vyuma alikuwa ameshatuambia kijiti chako ni mkono wa ndoo ndogo. Chini ya sakafu tulikuwa tumepata vitako vya mitungi minane vimesimama mchangani kwa mstari. Ilikuwa stoo, Papa. Mtu aliweka mafuta yake humo, na akaipaka rangi nyekundu kwa sababu aliipenda rangi nyekundu.

Jumapili nikatoka kanisani nikapanda treni ya Metropolitan kwenda Harrow. Nilimwambia Zuhura mlangoni, kabla hajanikaribisha kiti, maana nilijua nikikaa nitaomba chai na nitaondoka bila kusema.

Akanipisha nikaingia. Kisha akasema, kwa Kiingereza, taratibu sana, kwamba nilimwacha baba yake afe na uongo. Nikasema ndiyo. Akasema sikuwa na haki. Nikasema sikuwa nayo. Akapanda juu, nikasikia droo zinafunguliwa kwa hasira, akarudi na daftari lako akalitupa mezani. Alitaka nione ulivyofurahi, ulivyochora kwa uangalifu. "Look," aliniambia, "look how carefully he drew it."

Nikaangalia. Ulikuwa umechora chumba chote kwa vipimo, ukuta wa kusini, ngazi, hata kile kisima cha mbao tulichokichimba pamoja wiki tatu upande wa kaskazini-mashariki, nyuma ya ile mashine, wewe chini, mimi juu navuta ndoo. Kisha ukauchora mpindo wangu, kwa mita zangu za uongo. Na mstari ule ulikuwa unapita katikati ya kisima.

Ukuta hauwezi kupita ndani ya kisima cha wakati wake. Hilo ulinifundisha wewe, mwezi wa kwanza.

Pembeni palikuwa na maneno ya penseli. Zuhura akasema hilo hakuweza kulisoma, mwandiko wako ulikuwa umeharibika na Kiswahili chake ni cha masikio tu. Nikamsomea: "Kisima kimekwenda wapi? Muulize Furaha."

Akanitazama. Akauliza, kwa hiyo alijua? Nikamwambia sijui. Akauliza, sasa mbona hakukuuliza? Sijui, Zuhura. Sijui, sijui. Tukalia, yeye upande wake wa meza, mimi upande wangu. Baadaye akaweka maji ya chai jikoni, na chai ile tukainywa.

Tangu siku hiyo natembea, Papa. Nashuka kituo kimoja kabla ya changu nitembee. Ulikuwa na siku mbili, na mimi nilikuja, nikakaa hapo kitandani kwako, ukaniuliza habari za pampu. Ulinikasirikia? Ulisahau, kwa zile dawa? Au uliona mtu mzima ametoka na tope mpaka magotini kuja kukudanganya, ukaamua kumstahi? Kama ulikasirika ningeweza kuomba msamaha nikapumzika. Kama ulinistahi, sijui niuweke wapi mzigo huo. Napenda kuamini ulitaka kuniuliza siku ya tatu, ukiwa umeinuka kidogo kwenye mto, na hiyo siku ya tatu haikufika.

Jumamosi ya wageni Zuhura alikuja. Sikumtarajia. Alivaa lile koti lako la mvua, mikono ameikunja mara mbili. Hotuba aliiacha nyumbani. Akasimama kwenye ukingo wa shimo akawaambia watu kwamba baba yake alitafuta hekalu miaka ishirini na minane, na hapa alipata stoo ya mafuta na kisima. Akawaonyesha kisima, akawaambia alikichimba yeye kwa mkono, na kwamba ubao wa chini kabisa bado una alama za shoka la seremala. Watu wakainama kuzitafuta alama hizo. Mama mmoja mzee akauliza, hekalu lenyewe liko wapi basi? Zuhura akajibu, "Bado." Likamtoka hivyo, kwa Kiswahili, mbele ya watu wote, akashtuka mwenyewe. Akataka kulitafsiri, akatafuta neno la Kiingereza la kutosha, akaliacha.

Ripoti imekwisha. Stoo inaitwa stoo. Kwenye sura ya kisima jina lako limeandikwa kamili, mpaka la babu. Meneja alitaka kulifupisha, nikakataa, na ulijua mimi si mtu wa kukataa. Zuhura na mimi tumekubaliana Jumapili ya kwanza ya kila mwezi tuje kukusafishia kaburi. Yeye atasoma Fatiha, mimi nitasimama kando na kuomba kwa namna yangu. Bado hajanisamehe kabisa. Ameniambia hivyo, na nashukuru kwa kuniambia.

Wenzangu wanarudi, nawasikia wanagonga viatu ngazini. Niache hapa. Ulale pema, Papa Salum, na kama huko kuna mtu wa kale anayejua lile hekalu liko wapi, mbembeleze akuambie hata kama aliapa. Jumatatu saa moja na nusu nafungua shimo jipya upande wa pili wa barabara, na safari hii ninasimamia mimi. Nakuahidi, nitakachokikuta nitakiandika kilivyo, na atakayeniuliza, hata akiwa kitandani, hata nikiwa nampenda, nitamjibu kilivyo.

Mwanafunzi wako,
Furaha