Wageni Wasiopiga Hodi

3 Machi

Mwanangu kitindamimba,

Salamu nyingi. Mimi sijambo, ni magoti tu yananuna asubuhi. Wewe je? Kifua kimepona?

Sikia kwangu kabla majirani hawajakufikishia umbea: naona watu wasiokuwepo. Wanawake watano, magauni ya njano, wanasimama karibu na cherehani, kimya. Daktari wa macho anasema akili yangu ni nzima, ila macho yakififia hujitungia picha. Basi nimeweka sheria: asiyepiga hodi si mtu. Nashona kama kawaida.

Mama yako

19 Machi

Mama,

Jumapili nilikuja. Sikukuambia, nilitaka nijionee mwenyewe. Mlango ulikuwa wazi, nikasimama mbele yako dakika nzima. Ulinitazama, ukarudi kwenye pindo lako. Hukunitambua, Mama! Nililia njia nzima. Jumamosi nakuja na gari. Utahamia kwangu, cherehani tutaiuza.

Mwanao

21 Machi

Mwanangu,

Barua yako haina hata shikamoo, lakini marahaba.

Nilikuona. Shati la bluu, bega la kushoto limeshuka. Bega hilo nalishonea tangu sare ya darasa la kwanza, nitalisahau? Moyo ulinienda mbio. Lakini macho yanayoniletea wanawake watano nisiowajua yatashindwaje kuniletea mwanangu, ambaye sijamtia machoni mwaka wa pili huu? Nikangoja useme neno. Neno moja tu, ningekurukia. Hukusema, ukatoweka kama wao. Nikalishona pindo lile lile mara mbili, machozi yananitoka.

Sasa nisikilize vizuri. Macho yako mazima yalikuonyesha mama aliyepotewa na akili, ukayaamini papo hapo, hukuuliza hata swali. Haya yangu mabovu nayahoji kila siku. Nani kati yetu anahitaji kuchungwa?

Sihami. Na atakayegusa cherehani yangu atajua kama mkasi wangu ni wa kweli au wa kuota.

Mama yako, mwenye akili timamu

Jumamosi, 23 Machi

Mama,

Shikamoo. Habari za tangu Jumapili? Niko nje, sikuja na gari. Karatasi hii naipitisha chini ya mlango kwa sababu naona aibu. Nimeleta suruali yangu, inataka kupunguzwa.

Ukimaliza kusoma, tega sikio. Napiga hodi.

Mwanao